Kungwi Aliyemtaka Akida Ageuke

Kungwi wetu nilimjua kwa mgongo. Wengine humjua mtu kwa uso, kwa sauti, kwa jinsi anavyogawa chakula. Mimi yule bibi nilimpigia ngoma ya msondo miaka na miaka nimempa mgongo, uso wangu ukutani, na nikisema nilimjua kuliko wanaume wote wa Mbuchi, sijisifu bure. Kujisifu najisifu mara nyingi, na haki ninayo, maana nilianza na panga moja la kukatia boriti kwenye mikoko, na leo nina duka Kibiti lenye paa la bati, na mashua za watu huja kungoja boriti zangu. Lakini katika hili sijisifu. Nilimjua kwa masikio.

Alizaliwa wapi, binti wa nani, sikuuliza, na ningeuliza asingenijibu. Jina lake nalo halitaandikwa hapa, maana hata alipokuwa hai hatukumwita kwa jina. Alikuwa Kungwi, basi. Yeye ndiye aliyewaingiza wanawali ndani wanapovunja ungo, akawafunza mambo ya kike, akawacheza ngoma yao, akawatoa wakiwa wanawake. Mimi chuo cha Kurani nilifika juzuu ya amma nikakimbilia mikoko, na herufi hizi za Kizungu nimejifunza mwenyewe kwa kuzitazama kwenye magunia na masanduku ya dukani. Anayetaka maandishi yaliyochanwa nywele akatafute kwa wenye shule. Mke wangu Mwajuma, ambaye ni mmoja wa wanawali wa Kungwi, amenipa ruhusa ya kuandika, hata lile la mwisho, kwa kuwa Kungwi mwenyewe hayupo tena. Ila ameniwekea mpaka: mwendo wa ngoma nisiueleze, na nyimbo nisiziandike. Nikamwuliza, basi nitabaki na nini? Akasema, "Utabaki na Kungwi." Haya.

Njiani ungempita usimjue. Alijifunika kitambaa cha ukaya mpaka chini ya kidevu, akatembea kando ya njia kama anayeogopa kumkanyaga mtu kivuli. Sijapata kuona mwanamke mwenye haya kuliko yule. Msichana akicheka kwa kelele kisimani, Kungwi alimwita pembeni akamtuliza, na yule msichana akirudi alikuwa kama kamwagiwa maji. Wanaume wakizungumza mambo ya chumbani mbele yake hata kwa mafumbo, aliinuka akaenda zake. Na huyo huyo, akishaingia uani kwake, mlango wa makuti ukishafungwa, wanawake wakishakaa, aliyasema yale ambayo mimi, mtu mzima niliyelala kambini na wakata boriti na kusikia kila tusi la pwani hii, nilikuwa nikipiga msondo masikio yanawaka moto.

Nilipata kumwuliza, mwaka wa kwanza, inakuwaje mtu mmoja awe hivi na hivi. Hakukasirika. Alinijibu kwa swali, ndiyo ilikuwa kawaida yake. "Wewe nguo unaivua wapi?" Nikamwambia, chumbani. "Na uwanjani?" Nikatikisa kichwa. "Basi umeshajua, unaniuliza nini?"

Alivyonipata mimi ni hivi. Mpiga msondo wake wa zamani alikuwa mwanamke, mikono ikapooza, na aliyekuwa akifundishwa kushika nafasi yake akaolewa mbali, Chumbi huko. Siku moja nimekaa juu ya rundo la boriti napumzika, nagonga gome kwa kisigino cha panga, bila nia, kama mtu anavyopiga mluzi. Kungwi akapita, akasimama. Alisimama pale mpaka nikaona aibu nikaacha.

"Wewe," akasema, "unajua kunyamaza?"

Nikasema najua.

"Kukaa bila kugeuka, je?"

Nikasema hilo nalo najua, kijana haulizwi jambo akasema halijui. Akanipeleka uani kwake, akanikalisha kwenye kigoda, msondo katikati ya magoti, uso kwenye ukuta wa jiko. Ukuta wa udongo, mweusi kwa moshi, una ufa wenye umbo la kaa aliyenyanyua gando moja. Nikaambiwa nipige. Nikapiga. Katikati ya kupiga, mwanamke mmoja nyuma yangu akapiga yowe, nyoka, nyoka, jamani nyoka. Sikugeuka. Ukweli ni kwamba nilishikwa na woga hata shingo ikakataa, lakini Kungwi alichukulia kuwa ni ujasiri, nami sikuona haja ya kumsahihisha. Tangu siku ile nikawa mpiga msondo wa wanawake wa Mbuchi, mwanamume peke yangu niliyeruhusiwa kuingia uani, na ule ukuta nikaujua kuliko ninavyoujua uso wa mama yangu.

Watu hudhani mtu akikaa hivyo anakosa kila kitu. Hapana. Kungwi alivaa njuga miguuni, na kila hatua yake ilikuwa na mambo mawili: kishindo cha unyayo kwenye sakafu ya udongo, halafu njuga zikajibu. Kishindo, jibu. Kishindo, jibu. Nilijua anapokuja kwangu na anapokwenda kwa wanawali. Nilijua akiwa na furaha, na akiwa ameudhika na mtu humo ndani. Nilikuwa nikiwaambia wenzangu kambini kwamba wangenipa wanawake mia wapite nyuma yangu, ningemtoa Kungwi kwa miguu yake. Walinicheka, lakini hakuna aliyebisha, maana hakuna aliyekuwa na cha kubishia.

Alikuwa na sheria zake, na kwa sheria alikuwa mkali kuliko Wadachi, Wajerumani wale waliotutawala. Kulikuwa na mwanamke fundi wa kutunga nyimbo, akatunga moja ya kumsema mke mwenzake, kwa jina, na maumbile yake yote. Uani watu wakavunjika mbavu. Nikasikia njuga zimenyamaza. Kungwi akasema, tena kwa upole, kwamba hapa tunasema viungo, hatusemi majina. Kila kilichomo mwilini kina ruhusa ya kutajwa. Mwenye mwili hana ruhusa. Akamtoza yule mtunzi kuku, na wimbo ule haukuimbwa tena. Mtunzi akalalamika kuwa wenzake wanaachiwa kusema watakalo, yeye kafungwa mdomo. Akajibiwa aende akauimbe njiani mchana, kama anaona ni mzuri hivyo.

Mwanamume mmoja aliwahi kuchungulia kwenye makuti. Alikamatwa. Wanawake walitaka apigwe, Kungwi akakataa. Alichofanya ni kwamba kila alipokutana naye, sokoni, msikitini watu wakitoka, pwani kwenye mitumbwi, alimsimamisha na kumwuliza kwa adabu kubwa, "Bwana, ulisahau nini kwetu?" Kila siku. Mbele ya watu. Yule bwana mwishowe alihamia Mbwara, nasikia mpaka leo akisikia msondo hufunga dirisha.

Na mwalimu wa chuo, aliyekuwa akisema kila Ijumaa kwamba ngoma ya Kungwi ni kazi ya shetani? Kungwi hakujibizana naye. Alimpelekea vitumbua, akamwamkia, akamwuliza: binti yako akifika, nani atamfundisha kujitoharisha? Wewe? Mwalimu akatazama vitumbua. Ijumaa iliyofuata alihutubia habari za wizi wa mihogo, na mwaka ule ule binti yake aliingizwa kwa Kungwi kwa mlango wa nyuma. Hayo nayajua kwa kuwa nilikuwepo, uso ukutani, nikasikia sauti ya mtoto wa mwalimu.

Sasa msidhani alikuwa malaika. Ugoro alinusa mpaka ukaya ukawa na madoa. Sukari guru alificha chini ya mto. Na kitu kimoja cha ajabu kwa mtu aliyekaa kwetu, ambako hata kwenda kuzika unakwenda kwa mtumbwi: alikuwa anaogopa maji. Maji kujaa, yeye ndani. Kuvuka kijito tu alishika kingo zote mbili za mtumbwi, akafumba macho, akasoma kila alichokijua.

Ndiyo maana siku aliponiambia nimpeleke kwa akida, aliyetutawala kwa niaba ya Mdachi, nilijua jambo limekuwa zito.

Ulikuwa mwaka wa vita vya maji. Milima ya Umatumbi ilikuwa inawaka, watu wameng'oa pamba ya Mdachi, na huku kwetu waliokuwa wakienda Ngarambe kuchukua ile dawa ya maji walipita makundi kwa makundi. Ilisemwa ukinyunyiziwa, risasi inageuka maji. Kungwi aliambiwa naye aende, akasema yeye maji yanamtosha anayoyaogopa hapa. Kila juma ilikuja habari kwamba akida fulani kafukuzwa, akida fulani kauawa na nyumba imechomwa. Akida wetu, mtu wa pwani ya kaskazini, mwenye kanzu nzuri na mwavuli, akapiga marufuku ngoma zote. Kwa ngoma za wanaume alisema zinaita vita. Kwa ngoma ya Kungwi alitafuta sababu nyingine: akatangaza kuwa ni uchafu, kwamba wanawake wanajitingisha na kutukana, na kwamba serikali haitaki uchafu katika nchi yake. Atakayesikika akipiga atafungwa.

Na Kungwi alikuwa na wanawali wanne ndani. Mmoja ni Mwajuma, mchumba wangu.

Mwali asiyechezwa hatoki. Asiyetoka haolewi. Miezi ikapita, wasichana wamo ndani, hawaoni jua, wanapaka unga wa dalia na kusubiri. Mama zao wakaanza kunong'ona kwamba watolewe kimya kimya usiku, dunia ya vita hii, nani atauliza. Nami nilikuwa upande wao, nasema wazi, nilikuwa nataka mke. Nilimwendea Kungwi nikamwambia hivyo. Aliniacha nimalize.

"Mwali hatoki kama mwizi," akasema. "Nimewaambia watoto wa watu kwamba siku yao dunia nzima itasikia. Nikiwatoa kwa kunyata, watajua kila nililowafunza humu ni jambo la kufichwa kwa aibu. Mimi siwafichi kwa aibu. Nawafunika. Andaa mtumbwi, na msondo uuchukue."

Tulikwenda na maji yanayojaa. Yeye kafumba macho njia nzima.

Baraza ya akida ilikuwa na uwanja mbele, na siku ile uwanja ulijaa wanaume waliotoka kupalilia pamba yake kwa lazima, mapanga viunoni, jasho halijakauka. Akida kakaa barazani kwenye kiti cha mikono, kiti kimesukumwa mpaka ukutani. Zamani alikuwa akikiweka ukingoni apate upepo. Askari wawili wenye bunduki, mmoja kila upande. Kungwi akavua viatu vyake vya ngozi, akasimama katikati ya uwanja, ukaya mpaka kidevuni, akaomba ruhusa ya ngoma ya wanawali. Sauti ndogo. Watu wa nyuma walinyoosha shingo.

Akida akasema ngoma hiyo inajulikana kuwa ni chafu.

"Nani kakwambia, Bwana Akida?"

"Watu."

"Wanaume au wanawake?"

Akisema wanaume, walichungulia. Akisema wanawake, wamevunja kiapo. Uwanjani mtu mmoja akakohoa, kikohozi kile cha kumeza kicheko. Akida hakuwa mjinga, tumpe haki yake. Alicheka kidogo, akasema hana haja ya kuambiwa na mtu, macho anayo. Ngoma ichezwe hapa hapa mbele yake. Akiiona safi, atatoa ruhusa leo hii.

"Ukiitazama wewe, Bwana, ndipo itakapokuwa chafu. Sasa hivi ni safi, kwa sababu hujaitazama."

Hapo walicheka waziwazi, hata askari mmoja. Akida akaona haya, na mtu mkubwa akiona haya humtafuta mdogo wa kumtupia. Akaniona mimi na msondo wangu. Akaniita mbele.

"Wewe ndiye mpigaji. Umeona nini huko?"

"Sikuona kitu, Bwana."

"Unampigia mwaka wa ngapi?"

Nikamwambia ni wa tatu.

"Miaka mitatu, na hukuona kitu?"

"Nimeuona ukuta wa jiko, Bwana. Una ufa."

Askari akainua kiboko. Nilikuwa nimesema kweli tupu, wallahi, na sijapata kuonekana mwongo kama siku ile. Kungwi akaingia kati kabla kiboko hakijashuka. Akasema kijana hasemi uwongo, ndiyo desturi, mpigaji hukaa mgongo. Halafu akasema lile ambalo watu wa Mbuchi wanalisimulia mpaka leo, wengi wakilisimulia vibaya kwa kuwa hawakuwa pale.

"Bwana Akida, unaogopa dawa na unaogopa matusi. Vyote viwili ni vya kusikia. Nitakuchezea hapa hapa, mchana, mbele ya watu wako wote. Lakini geuza kiti. Na askari wageuke, na wanaume wote wageuke. Sikiliza mpaka mwisho, ukisikia neno la vita nifunge. Masikio nimekupa. Macho tu ndiyo sikupi."

Mzee mmoja aliyekuwa mbele, wala hakuambiwa, aligeuka akampa Kungwi mgongo. Wa pili akageuka. Uwanja mzima ukageuka, kama samaki wanavyogeuka majini, wanaume na mapanga yao wanatazama mto. Mimi nilitafuta pa kukaa, na ukuta uliokuwa karibu ni ule wa baraza yenyewe. Nikaweka msondo pale, Kungwi nyuma yangu. Ndiyo nikawa mwanamume peke yangu pale uwanjani aliyekuwa akimtazama akida usoni.

Nitaeleza nilichokiona. Akida alishika mikono ya kiti. Akainuka kidogo, kama kweli anataka kukigeuza. Macho yake yakaenda kwenye mapanga. Yakaenda kwa askari wake wawili, nao walikuwa wanamtazama yeye. Yakaenda mlangoni. Akakaa tena. Kitu alichoombwa ni kidogo, mtoto angekifanya, lakini mwaka ule hapakuwa na akida katika nchi nzima ya Rufiji aliyeweza kuwageuzia watu wake mgongo. Jasho lilimtoka chini ya kofia. Mimi namwona, na yeye anajua namwona.

Akasema baraza imekwisha. Akainuka, akarudi kinyumenyume, hatua kwa hatua, mpaka mlangoni, akaingia, akafunga.

Wanaume hawakugeuka. Kungwi akaniuliza kwa sauti ya chini kama akida amekataa. Nikamwambia hakutamka neno la kukataa.

"Yuko wapi?"

"Nyuma ya mlango, Kungwi. Naona kivuli chake chini."

"Basi hatuoni na anatusikia. Ndiyo nilichomwomba. Piga."

Nikapiga. Sijapata kupiga vile, na mikono hii imepiga mengi. Kishindo, njuga zikajibu. Kishindo, jibu. Askari mmoja, naye mtoto wa pwani aliyelelewa na bibi kama sisi, aliweka bunduki kando akageukia ukuta. Mwenzake akasimama peke yake hajui atazame wapi, mwishowe akafumba macho. Kile kivuli chini ya mlango hakikuondoka mpaka ngoma ilipokwisha.

Siku tatu baadaye wanawali walichezwa Mbuchi, mchana, na msondo ulisikika mpaka visiwani. Mwajuma alitoka. Nikaoa.

Kabla mwezi haujaisha, askari kutoka Boma walikuja na mnyororo. Akida hakusema habari ya kiti, angeisemaje? Alisema yule bibi anacheza ngoma ya vita. Walimchukua pamoja na wengine, wakapelekwa kuponda kokoto za barabara. Mimi nilikuwa mikokoni, nikasikia jioni. Hatukumwona tena mpaka vita vilipokwisha na ile njaa iliyofuata kupungua, njaa iliyokula watu kuliko bunduki. Alirudi mchana mmoja amekaa katikati ya mtumbwi, macho wazi, hakushika kingo. Nilimwuliza kama maji hayaogopi tena. Akasema ameona vya kuogopwa zaidi. Habari ya mnyororo hakuisimulia, ila aliwahi kusema kokoto hupondwa kwa kupiga magoti, asubuhi mpaka jioni. Alishuka kwa fimbo.

Watu wakasema ngoma imekwisha, Kungwi mwenye fimbo atachezaje. Nikawacheka. Maana mwaka ule ule aliingiza wanawali, siku yao ikafika, nikakaa kwenye kigoda changu mbele ya ufa wangu. Nikamsikia anaingia, fimbo na mguu, fimbo na mguu. Nikasikia fimbo inaegemezwa nyuma ya kigoda. Halafu: kishindo, njuga zikajibu. Ile ile. Nilitoka pale nikawatangazia Mbuchi nzima kwamba mnyororo wa Mdachi umeshindwa na miguu ya Kungwi. Nilikwenda nikawaambia wasafiri, nikawaambia manahodha. Nadhani hata akida habari ilimfika huko alikohamishwa. Nikampigia miaka mingine mingi, mpaka nilipohamia Kibiti kwa mambo ya biashara nikamwachia kijana mwingine kigoda.

Sasa nije kwenye siku ya mwisho.

Mdachi alikwenda, Mwingereza akaja. Ngoma sasa inataka kibali, na Bwana Shauri wa Mwingereza, mkuu wa wilaya, ni mtu wa kupenda kutazama. Alitaka kufanya sikukuu kwenye kiwanja cha Boma, na wageni wake walikuwa wamesikia habari za ngoma ya viuno ya wanawake wa mtoni. Akaniita mimi. Aniite nani tena, mtu mwenye bati? Akasema nikiileta, vibali vya ngoma zote za tarafa vitakuwa rahisi, na jambo la uchafu halitatajwa. Nilifurahi, sifichi. Nilijiona mimi ndiye nitakayemaliza kesi ya Kungwi na serikali, baada ya miaka yote. Nikamchukua Mwajuma, tukashuka Mbuchi.

Tulimkuta uani, ameketi kwenye mkeka, mdogo kama mtoto, ukaya ule ule, madoa ya ugoro yale yale. Wanangu aliwaulizia mmoja mmoja. Aliuliza kama bati linavuja, nikasema bati halivuji, akasema na mvua ikinyesha unasikia nini kingine. Nikatoa maneno yangu. Nikayapamba. Alisikiliza bila kunikata, na Mwajuma alikuwa anatazama pembeni muda wote, jambo ambalo ningelitia maanani kama ningekuwa na akili.

"Unataka kuwapelekea kitu gani?" akauliza Kungwi.

"Ngoma yako."

"Unaijua?"

"Kungwi, nani anaijua kuliko mimi? Miguu yako naitoa katika mia."

Wanawake wale wawili wakatazamana. Kungwi akasema msondo umo jikoni, niuchukue, tujikumbushe kidogo. Kigoda kilikuwa pale pale. Mgongo wangu uligeuka wenyewe, kama ng'ombe anayejua zizi lake, nikajikuta natazama ufa wangu, kaa na gando lake, moshi umezidi. Nikapiga polepole, mikono ya mtu wa duka imelainika. Nikasikia fimbo inaegemezwa. Nikasikia njuga zinafungwa. Halafu ikaja: kishindo, jibu. Kishindo, jibu. Miguu ile ile, haijazeeka hata siku moja. Machozi yakanilenga.

"Geuka," akasema.

Sikugeuka. Nilidhani ananijaribu, kama lile yowe la nyoka.

"Geuka, mwanangu. Hujui unachouza. Tazama."

Nikageuka, kwa mara ya kwanza tangu nikalishwe pale.

Kungwi alikuwa amekaa kwenye mkeka. Hakuwa amesimama. Miguu yake ilikuwa imenyooka mbele, myembamba, magoti yamevimba na kupinda kama mafundo ya mkoko, na ilikuwa imetulia, haina njuga. Njuga zilikuwa mikononi, kwenye vifundo juu ya viganja. Alikuwa ameinama, anapiga sakafu kwa viganja vyake viwili, na viganja vilikuwa na sugu nene, nyeusi, kama nyayo za mtu atembeaye pekupeku maisha yake yote.

"Tangu lini?" nikauliza, ingawa nilishajua.

"Tangu kokoto. Wanacheza wao, mimi nawapa hatua."

Nikamtazama Mwajuma. Miaka yote hiyo ya kitanda kimoja, nikijisifu mbele yake habari za miguu ya Kungwi, naye ananipakulia wali na kunyamaza. Wanawake wote wa Mbuchi. Binti wa mwalimu. Mama yangu mwenyewe. Kila nilipowatangazia watu kwamba Mdachi kashindwa, wao walinisikiliza, na hakuna aliyenitoa katika neno hilo.

"Sasa umeona," akasema Kungwi. Alikuwa ananitazama usoni, na nadhani ni mara ya kwanza kutazamana hivyo sisi wawili. "Bwana Shauri wako akikuuliza ngoma ya wanawake wa Mbuchi ikoje, utamwambiaje?"

Nilifikiria vibali, nikafikiria kiwanja cha Boma na wageni kwenye viti, na yeye amebebwa kwenye mkeka mpaka katikati yao.

"Nitamwambia sikuona kitu," nikasema.

Alicheka mpaka ukaya ukamteremka.

"Haya, geuka," akasema. "Tumalize."

Nikageukia ufa wangu. Nikapiga. Na nyuma yangu, wallahi, nikasikia miguu.